Samaki wa Shimo na Mwenzake Kamba



Majuma mawili yaliyopita, tulipozungumzia watoto na viumbe wafugwao nyumbani, tulitaja kwa kupita tu kwamba sebuleni mwetu mna tangi la kioo lenye maji ya bahari, na kwamba ndani yake anaishi samaki asiyezidi urefu wa kidole. Hatukudhani kwamba neno hilo moja lingetuletea maswali mengi kuliko paka na kasuku wote tuliowaeleza kwa kirefu. Mama mmoja ametuuliza kama yafaa kumfungia samaki kwa ajili ya kumtazama tu. Baba mmoja, ambaye mwanawe hampi raha hadi amnunulie, ameuliza bila kuzunguka: gharama yake ni nini, na samaki huyo hufa baada ya muda gani? Swali hili la mwisho ndilo lililotuketisha kuandika, kwani jibu lake tunalijua, na hatukulijua kwa kusoma.

Samaki mwenyewe ni wa ukoo wa gobi. Ni ukoo mkubwa mno, una spishi zaidi ya 1,500, wengi wao wadogo na wakaao chini kabisa, tumbo likigusa mchanga. Wavuvi tuliowauliza hawakuwa na jina mahususi la huyu wa kwetu; walicheka tu wakasema hana hata tonge moja la nyama. Wataalamu humwita Amblyeleotris wheeleri, jina alilopewa mwaka 1977, na makao yake yaanzia pwani hii yetu ya Afrika Mashariki hadi visiwa vya Pasifiki. Rangi yake ni nyeupe ya maziwa yenye mikanda myekundu iliyomzunguka toka kichwani hadi mkiani. Macho yake yako juu ya kichwa, yakitazama huku na huku kama ya mlinzi wa lango. Na hasa hiyo ndiyo kazi yake.

Gobi huyu hachimbi nyumba yake mwenyewe. Anachimbiwa na kamba. Kamba huyo ni mdogo, ana gando moja kubwa kuliko jingine, na uwezo wake wa kuona ni hafifu sana. Mchana kutwa hutoka shimoni akisukuma mchanga kwa magando mbele yake kama tingatinga, akaumwaga nje, akarudi ndani kuchukua mwingine. Lakini kila atokapo, papasi zake, yaani zile nyuzi ndefu za kichwani, huwa zimemgusa samaki aliyelala mlangoni. Samaki akitikisa mkia kidogo, kamba husimama au hurudi nyuma. Samaki akiingia shimoni kwa kasi, kamba amekwisha tangulia. Mmoja ana macho hana shimo, mwenzake ana shimo hana macho. Zipo zaidi ya spishi mia moja za gobi waishio hivi na kamba, na zimechunguzwa tangu Bahari ya Shamu hadi Australia.

Lile gando kubwa nalo lina habari yake. Kamba hulifunga kwa kasi kubwa hata maji yakafanya kiputo, na mwaka 2000 watafiti walionyesha kwamba mlio unaosikika hautokani na gando kugonga gando, bali na kile kiputo kinapopasuka. Ndiyo maana wafugaji humwita kamba bastola. Usiku wa kwanza alipolia nyumbani kwetu, Bi Mkubwa, mama yetu mzazi, alitoka chumbani na tasbihi mkononi akipaza sauti, “Jamani, kioo kimepasuka!” Tuliwasha taa, tukapapasa pembe zote nne za tangi. Kioo kilikuwa kizima. Kamba alikuwa akifukuza konokono.

Turudi kwa mama aliyeuliza kama yafaa. Hukumu tunawaachia wanavyuoni, na kila mmoja wenu ana sheikh wa mtaani mwake wa kumuuliza. Sisi twakumbusha habari mbili tu ambazo karibu sote tulizisikia madrasa. Ya kwanza ni ya mtoto Abu Umayr aliyekuwa na ndege mdogo wa kucheza naye, na Mtume (s.a.w.) akimtania kwa kumuuliza habari za ndege wake. Ya pili ni ya mwanamke aliyeingia hatiani kwa sababu ya paka aliyemfungia pasi na kumpa chakula. Baina ya habari hizo mbili ndipo alipo kila mwenye tangi, na upande atakaoangukia hauamuliwi na mapenzi yake kwa samaki.

Sisi tuliangukia upande mbaya, na yafaa tuseme ilivyokuwa.

Binti yetu, wakati huo akiwa na miaka kumi, alikuwa amefaulu mtihani wa juzuu yake, nasi tulikuwa tumemwahidi zawadi. Aliwaona samaki hawa mahali panapouzwa samaki wa mapambo, akasimama mbele yao robo saa nzima. Tukanunua siku ile ile: tangi, pampu, mchanga, mawe, samaki na kamba. Muuzaji alitwambia kwamba tukisubiri siku tatu maji yatatulia. Tukasubiri siku tatu. Tulipanga mawe vizuri sana, jiwe moja kubwa bapa juu ya mchanga, na mengine mawili madogo juu yake, kama pango. Wageni walilisifu. Samaki na kamba walilipenda pia: ndani ya siku mbili wakawa wamechimba chini yake.

Alfajiri ya siku ya kumi na moja, baada ya swala, tulikuta pango limeinama. Kamba alikuwa ameendelea kuondoa mchanga kama alivyoumbwa aondoe, hadi jiwe likakosa pa kuegemea likaketi chini. Tulipoliinua tulimkuta samaki amebanwa. Kamba alikuwa mzima upande wa pili.

Binti yetu hakulia mbele yetu. Alitazama, kisha akauliza, “Baba, nani aliyeliweka jiwe juu ya mchanga?” Tukamwambia kwamba ni sisi. Akaitika, “Haya,” akaenda kuvaa sare ya skuli. Twakiri kwamba neno hilo moja lilitukaa moyoni kuliko kilio.

Yaliyofuata hatukuwa tumeyafikiria. Kamba alibaki peke yake. Mchana hakuonekana kabisa. Usiku, tukimulika kwa tochi yenye kitambaa chekundu, tuliona ncha za papasi zake mlangoni mwa shimo jipya, zikienda kulia, zikienda kushoto, zikigusa mchanga, zikirudi. Hatudai kwamba kamba ana huzuni. Twasema tu tulichokiona. Bi Mkubwa, ambaye tangu mwanzo alishikilia kuwa samaki mahali pake ni chunguni, aliketi kitako mbele ya tangi usiku mmoja, kisha akatugeukia. “Na huyu kipofu mmemwachia nani?”

Hapo ndipo tulipoanza kujifunza, yaani tulipokwisha kununua. Mtu mwenye akili huanza kinyume chake, na kwa ajili hiyo twayaandika haya kwa wale ambao hawajatoa fedha mfukoni.

La kwanza ni mchanga na mawe, kwa sababu kwa samaki huyu nyumba ni shimo, na kioo ni cha kutufaa sisi watazamaji. Mchanga uwe na kina cha sentimita sita hadi nane, nao usiwe laini mtupu. Uchanganywe na vipande vya makombe na changarawe za matumbawe makavu, kwani mchanga mlaini peke yake huporomoka na kamba hutumia vile vipande kuimarisha paa lake. Mawe yote makubwa yakae juu ya sakafu ya tangi lenyewe, kabla mchanga haujamwagwa. Mchanga uje baadaye, uyazunguke. Hapo kamba achimbe atakavyo, jiwe halina pa kuanguka. Laiti tungalijua jambo hili moja, samaki wa kwanza angalikuwa hai.

La pili ni subira ya maji. Kinyesi cha samaki na mabaki ya chakula hutoa amonia, nayo ni sumu. Wapo bakteria waigeuzao amonia kuwa naitriti, ambayo pia ni sumu, na wengine waigeuzao naitriti kuwa naitreti, ambayo madhara yake ni madogo zaidi. Bakteria hao huota taratibu juu ya mawe, mchangani na katika chujio, na huchukua majuma manne hadi sita hivi kutosha. Siku tatu za yule muuzaji zilikuwa siku tatu za kutuuzia. Vipo vipimo vya matone vya kupimia amonia na naitriti. Vyote viwili visome sifuri kabla samaki hajaingia.

Tangi letu lina urefu wa sentimita 75, upana 40 na kimo 40, yaani lita 120 likiwa tupu. Kwa gobi mmoja na kamba mmoja latosha. Dogo kuliko hilo hatulishauri kwa anayeanza, kwa kuwa maji machache hubadilika upesi: joto likipanda hupanda ghafla, na kosa dogo la chakula huchafua yote.

Sisi wa pwani tuna neema ambayo mtu wa Nairobi hana, nayo ni bahari iliyo mlangoni. Hata hivyo si maji yote ya bahari ni sawa. Tunateka maji yanapojaa, wakati wa bamvua, mahali palipo mbali na bandari, mifereji ya mji na midomo ya mito. Majira ya masika hatuteki karibu na kuri kabisa, kwani mvua huyazimua na kuyatia tope. Tukishayaleta, tunayachuja kwa kitambaa kizito na kuyaweka gizani siku kadhaa kwenye madumu yasiyopata kutiwa sabuni wala mafuta. Asiye na njia hiyo atumie chumvi maalumu ya matangi iliyochanganywa na maji safi. Chumvi ya jikoni haifai. Kipimo ni takriban gramu 35 za chumvi kwa lita moja, nacho kifaa cha kupimia uzito wa maji kitasoma 1.025.

Maji yakipungua kwa mvuke, chumvi haiondoki; kinachoondoka ni maji matupu. Kwa hiyo cha kurudisha ni maji baridi yasiyo na chumvi, wala si ya bahari. Tulikosea hapa pia, tukawa twaongeza chumvi juu ya chumvi kwa majuma mawili. Wala msitumie maji ya kisima ya hapa kisiwani, ambayo yenyewe yana chumvichumvi, wala ya mfereji yenye klorini. Sisi twatumia maji ya kunywa yaliyosafishwa, yale ya mitungi.

Kuhusu joto, vitabu vya Ulaya husisitiza chombo cha kupasha maji moto. Hapa shida ni kinyume. Miezi ya kaskazi maji sebuleni hupita nyuzi 30, na maji ya moto hubeba hewa kidogo. Tumeelekeza panka ndogo juu ya maji, nayo huyashusha nyuzi mbili au tatu kwa kule kuyafanya yatoe mvuke. Twataka yakae baina ya 25 na 28. Umeme unapokatika, jambo ambalo hatuna haja ya kulieleza, tuna pampu ndogo ya betri ya kupulizia hewa, na binti yetu ndiye mwenye kazi ya kuhakikisha betri zipo.

Tangi lifunikwe. Gobi akishtuka huruka, na mlango uliobamizwa watosha kumshtua. Kioo kizima huzuia hewa na kuongeza joto. Sisi tumetumia wavu wa plastiki wenye matundu madogo, ulionyoshwa kwenye fremu ya mbao.

Chakula ni rahisi kwa mkaa pwani: kamba mbichi asiyetiwa chumvi, aliyekatwakatwa vipande vidogo mno, kidogo mara mbili kwa siku. Tunakishusha kwa bomba jembamba karibu na shimo, kwa sababu samaki huyu haendi mbali kutafuta. Anangoja kipite mbele yake. Samaki wenye pupa wakiwekwa pamoja naye watamaliza chote kabla hajafungua mdomo. Yupo gobi wa aina nyingine, mkubwa zaidi na mzuri sana, ambaye huchota mchanga mdomoni na kuupepeta kupitia mashavuni akitafuta vijidudu. Huyo msimchukue, hata mkipewa bure. Katika tangi dogo vijidudu humwishia upesi, naye hukonda siku baada ya siku huku akila kutwa nzima.

Na jihadharini na dawa. Dawa nyingi za madoa meupe ya samaki zina shaba, ambayo humponya samaki na kumuua kamba. Dawa ya kupulizia mbu nayo ni hatari kubwa kwa kamba, hata ikipulizwa chumba cha pili dirisha likiwa wazi. Udi wa Alhamisi sasa twaufukizia chumbani, mlango umefungwa. Huenda tunazidisha tahadhari, lakini hatutaki kujua kwa kujaribu. Na mkiona siku moja kamba amelala chali mchangani, mweupe, mtupu, msilie kwanza. Kamba hujivua gamba lake zima, hata la macho na la papasi, akalitupa nje, naye mwenyewe akajificha hadi jipya lipate ugumu. Binti yetu alilipata gamba hilo, akalizika uani kwa heshima zote. Siku mbili baadaye maiti alitoka shimoni akisukuma mchanga.

Baada ya samaki wa kwanza tulikaa miezi miwili bila kununua. Tulijiuliza kama tumrudishe kamba baharini, na mzee mmoja wa Mtwapa, mvuvi aliyestaafu, alitupa sababu mbili za kusita: kiumbe aliyekaa katika maji ya tangi huenda amechukua ugonjwa wa tangi, na kamba asiye na shimo mahali pasipo pake ni chakula cha wa kwanza kumwona. Jambo la kutupa viumbe baharini lapasa kuangaliwa sana. Samaki simba mwenye miiba ya sumu, ambaye ni wa bahari hizi zetu za Hindi na Pasifiki, leo ametapakaa pwani za Florida na visiwa vya Karibi, na wafugaji waliowachoka samaki wao wanahesabiwa kuwa chanzo.

Tulilivunja tangi, kamba akangoja ndooni na pampu yake. Tukayaweka mawe juu ya kioo, tukamwaga mchanga, tukamrudisha. Tukapima maji kila siku, binti akiandika daftarini. Vipimo viliposoma sifuri majuma mawili mfululizo ndipo tulipomtafuta samaki wa pili, safari hii kwa mtu mwenye leseni ya kuvua samaki wa mapambo, anayepiga mbizi na wavu wa mkono. Tulimuuliza amemvua wapi. Swali hilo liulizeni nanyi, kwani katika mbuga za bahari za Malindi na Watamu, zilizotengwa tangu 1968, hakuna ruhusa ya kutoa chochote, na nyingine zipo Mombasa na Kisite. Asiyetaka kujibu, msinunue kwake. Tuliomba pia tumwone samaki akila kabla ya kulipa. Alikula.

Siku tatu alijificha nyuma ya jiwe, mbali na shimo la kamba. Siku ya nne, adhuhuri, binti yetu alikuja jikoni akatuvuta mkono bila kusema. Samaki alikuwa amelala mlangoni mwa shimo, kichwa nje. Nyuma yake papasi moja ilitoka, ikapapasa mchanga, ikamgusa mkiani. Ikabaki pale. Kisha kamba mzima akatoka mchana kweupe, kwa mara ya kwanza baada ya miezi miwili, akimwaga mchanga wake nje kana kwamba alikuwa amesimama kidogo tu.

Sasa tumjibu baba aliyeuliza. Gharama ya samaki ni ndogo kuliko vyote. Kinachokula fedha ni tangi, pampu, vipimo na umeme, na kinachokula zaidi ya fedha ni muda. Kila Jumamosi ya pili twabadilisha sehemu moja kwa kumi ya maji, na safari yetu ya Lamu mwaka huu imepunguzwa kutoka siku kumi hadi nne. Bi Mkubwa amekubali kuwalisha, kwa sharti kwamba tusimpigie simu kila saa kumuuliza. Mtoto apewe kazi anayoiweza, lakini dhamana ni ya wazazi. Nyumba ambayo mkubwa hana nafasi hiyo, tungeshauri mtoto apelekwe ufukweni maji yakitoka, atazame vidimbwi vya mwambani, wala hatakosa kitu.

Na kuhusu muda wa kuishi: wa kwanza aliishi siku kumi na moja. Wa pili ametimiza mwaka na miezi miwili, na leo asubuhi, tulipokuwa tukiyaandika haya, alikuwa mlangoni.